Gemu Umenunua, Daftari Analo Nani?

Gemu ya StarCraft ilipotoka mwaka 1998, kila sidii iliuzwa na namba yenye tarakimu 13 iliyobandikwa kwenye kasha lake. Bila namba hiyo kompyuta ilikataa kuisakinisha. Ila ukibonyeza 3 mara kumi na tatu, ilikubali bila ubishi. Ukiandika 1234-56789-1234, ilikubali vilevile. Wachezaji waliigundua siri hiyo, ikapita mdomo kwa mdomo, na mpaka leo ukikutana na mtu aliyekesha na gemu ile enzi zake, atakutajia namba hizo kabla hujamaliza kuuliza.

Hapakuwa na mazingaombwe. Kompyuta yako haikuwa na orodha ya namba zote zilizouzwa duniani. Ilikuwa na kanuni fupi ya hesabu tu: inachukua tarakimu 12 za mwanzo, inazipitisha moja baada ya nyingine kwenye kanuni hiyo, na jibu likiishia na tarakimu ileile ya 13, unaruhusiwa kuendelea. Zile 3 kumi na mbili huzaa 1,594,323, namba inayoishia na 3. Windows 95 nayo ilikuwa na hesabu nyepesi zaidi: jumla ya tarakimu saba za ufunguo wake igawanyike kwa 7 bila kubaki kitu. Mtoto anayejua kugawanya angeweza kujitungia ufunguo wakati wa mapumziko.

Lakini StarCraft hiyohiyo ilikuwa na upande wa pili. Ukitaka kupambana na watu wengine kupitia Battle.net, mtandao wa Blizzard, kampuni iliyoitengeneza gemu hiyo, namba yako ilisafiri hadi kwenye seva yao kukaguliwa. Huko namba za kubuni ziligonga mwamba. Na marafiki wawili wakigawana namba moja halali, aliyechelewa kuingia aliambiwa kuwa namba inatumika, tena akatajiwa na jina la anayeitumia. Nyumbani hesabu, kwa kampuni daftari.

Hesabu ile imeshakufa. Kilichobaki ni daftari peke yake, na linakaa kwa muuzaji. Wanunuzi wengi wa gemu huku kwetu, kwa ninavyowaona, bado wanatoa pesa kana kwamba wananunua kitu cha kubeba nyumbani, kumbe wanalipia jina lao kuandikwa kwenye kitabu cha mtu mwingine. Hilo lingekuwa jambo dogo kama kitabu kisingefutika.

Tusijisahaulishe tulikotoka. Kariakoo ya Dar es Salaam na River Road ya Nairobi, miaka ya 2000, sidii ya gemu iliuzwa ndani ya mfuko wa plastiki, jina limeandikwa juu yake kwa kalamu ya wino mzito, na chini ya jina, kwa herufi za kubanana, ule ufunguo. Aliyenunua hakujua kuwa mahali fulani duniani namba ile iliuzwa na kasha, kijitabu na risiti. Aliiona kama sehemu ya bei ya fundi. Na mwandiko wa fundi ulikuwa na mitihani yake. Waliobuni funguo za Windows XP walikuwa wamefikiria hilo: katika herufi na tarakimu zote waliteua 24 tu, wakatupa irabu zote, wakatupa 0, 1 na 5, ili mtu asichanganye O na sifuri wala S na tano. Ila B na 8 waliziacha zote mbili, na fundi mwenye haraka alizifanya mapacha. Ukaketi ukijaribu moja, kisha nyingine, kisha unarudi dukani.

Pale ambapo ufunguo haukuwepo kabisa, palikuwa na vijiprogramu vya kufyatua funguo. Watu walioigundua kanuni ya gemu waliigeuza, wakaandika programu inayotoa namba halali kila ukibonyeza kitufe, huku muziki wa vinanda vya kompyuta ukipigwa nyuma yake. Nakiri muziki ule ulikuwa mtamu. Virusi vilivyokuja navyo pia vilikuwa vya uhakika, na mafundi walewale walilipwa mara ya pili kuviondoa.

Wale wachache walionunua halali walikuwa na shida tofauti: kupoteza kijitabu. Kwa gemu za zamani hilo lilikuwa na dawa. Nyingi zikishasakinishwa huacha ufunguo wake kwenye rejista ya Windows, na kuna programu za kuusoma humo, kwa hiyo fundi mzuri huutoa na kuunakili kabla hajafuta diski. Ukishaifuta, basi tena. Kwa gemu za leo ushauri huo karibu hauna kazi, maana kwenye kompyuta yako hakuna cha kutafuta. Ufunguo ukishatumika, kilichobaki ni mstari mmoja kwenye akaunti yako, na akaunti iko kwenye seva ya ng'ambo.

Aliyetusukuma huko zaidi ya wote ni Valve, kampuni ya jimbo la Washington nchini Marekani. Ilianzisha Steam, mfumo wake wa kusambaza gemu kwa intaneti, Septemba 2003, na Novemba 2004 ikatoa Half-Life 2 kwa sharti lililowashangaza wengi: hata ukinunua kasha lenye sidii dukani, lazima uingie kwenye intaneti na kuiamilisha kupitia Steam ndipo icheze. Watu walilalamika sana. Leo sharti lile ni kawaida kiasi kwamba kijana wa miaka ishirini hawezi kuelewa malalamiko yalihusu nini.

Ukitaka kuona mabadiliko yenyewe kwa macho, angalia hatua za kuamilisha ufunguo wa Steam. Unafungua programu, unaingia menyu ya gemu, unachagua kuamilisha bidhaa. Kabla ya kuonyeshwa kisanduku cha kuandikia, unaletewa mkataba na kuombwa uukubali. Karibu kila mtu hubonyeza kukubali bila kusoma, na mimi simlaumu, ila humo ndani ndimo inamosemwa kwamba gemu haziuzwi, bali unapewa leseni ya kuzitumia. Ukishakubali ndipo unaandika ufunguo, mara nyingi herufi na tarakimu 15 katika mafungu matatu ya tano tano. Majibu hayazidi machache: imekubaliwa, umeshakuwa nayo, ufunguo umeshatumika, haukubaliki katika nchi yako, au umekosea mara nyingi mno, rudi baadaye. Hakuna hata moja kati ya majibu hayo linalopigwa hesabu kwenye kompyuta yako. Yote yanasomwa daftarini.

Msomaji aliyewahi kukwangua vocha ya simu anaujua utaratibu huu bila kufundishwa. Namba iliyofichwa ina thamani mpaka dakika unapoiingiza, baada ya hapo kadi ni takataka. Na kama mwenye duka aliikwangua na kuitumia kabla yako, unabaki unamtazama tu. Tofauti ni muda. Salio la vocha utalimaliza wiki hii hii. Gemu ya dola 60 au 70 umeinunua ukitarajia kuwa nayo miaka mingi.

Sasa tuzungumzie bei, maana ndiyo inayowapeleka watu pabaya. Steam inauza kwa randi Afrika Kusini. Mkenya na Mtanzania wanalipa kwa dola. Gemu kubwa ya dola 70 inakaribia shilingi 9,000 za Kenya, kabla hujahesabu makato ya kadi. Anayetakiwa kulipa ni mtu ambaye pengine hana kadi ya benki, ana namba ya simu yenye M-Pesa. Kadi za mtandaoni zinazofunguliwa kutoka kwenye simu zimesaidia, ila bei imebaki palepale. Kwa hiyo anatafuta penye unafuu, na unafuu anaupata kwenye masoko ya pembeni yanayouza funguo: gemu ileile kwa theluthi ya bei, wakati mwingine chini ya hapo.

Nataka tuulize funguo hizo hutoka wapi, kwa sababu jibu halifanani kwa zote. Nyingine hazina ubaya mkubwa. Mtu alinunua fungu la gemu kumi za hisani, akataka mbili, nane anaziuza. Nyingine zilinunuliwa katika nchi ambako bei ilikuwa ya chini na kuuzwa kwa watu wa nchi ghali. Uturuki na Argentina zilikuwa maarufu kwa biashara hiyo mpaka Steam ilipohamisha bei za nchi hizo kwenye dola mwezi Novemba 2023, na wachezaji wa kawaida wa huko wakaachwa wakilipa gharama za ujanja wa wengine. Nyingine ziliombwa kwa watengenezaji na watu waliojidai kuwa waandishi wa habari.

Halafu kuna zile za kadi zilizoibwa, na hapa nitakaa kidogo. Mwizi ana namba za kadi ya benki ya mtu. Hawezi kwenda nayo dukani, anahitaji kuigeuza pesa upesi. Anaingia kwenye tovuti ya mtengenezaji wa gemu, ananunua funguo hamsini, dakika hiyohiyo anaziweka sokoni kwa nusu bei. Wewe unanunua mmoja, unaamilisha, unacheza. Baada ya wiki kadhaa mwenye kadi anaona makato asiyoyajua, anapiga simu benki. Benki inazivuta pesa kutoka kwa mtengenezaji na kumtoza faini juu yake. Mwizi ameshaondoka na zake, soko limechukua kamisheni yake, na aliyetengeneza gemu ametoa bidhaa, amerudisha pesa na amelipia usumbufu.

Hili si la kufikirika tu. Wube, kampuni ndogo ya Prague iliyotengeneza Factorio, ililalamika kwa miaka kuhusu jambo hilo. G2A, soko kubwa la funguo, lilikuwa limeahidi kulipa mara kumi ya hasara ya benki kwa mtengenezaji atakayethibitisha kuwa funguo zake za wizi ziliuzwa humo. Mei 2020 ukaguzi ukaisha: funguo 198 za wizi za Factorio zilikuwa zimepita sokoni humo, na G2A ikawalipa Wube dola 39,600. Napenda kuzitaja takwimu hizi kwa sababu ni za upande wa muuzaji mwenyewe, baada ya kukagua vitabu vyake. Mwaka mmoja kabla, Mike Rose, mchapishaji wa gemu wa Uingereza, alikuwa amewaambia wachezaji kwamba kama hawana pesa ya kulipa bei halali, ni afadhali waiibe gemu yake kuliko kuinunua huko. Mfanyabiashara akikuomba umwibie, jua amepiga hesabu. Ukiiba anapoteza mteja ambaye huenda hakuwa mteja. Ukinunua ufunguo wa kadi ya wizi, anatoa pesa mfukoni.

Na mnunuzi hayuko salama. Januari 2015 Ubisoft ilizima funguo za gemu zake, Far Cry 4 ikiwemo, zilizokuwa zimenunuliwa kwa kadi za wizi kisha zikauzwa pembeni. Watu waliamka wakakuta gemu imetoweka kwenye akaunti zao. Kelele zilipozidi, kampuni iliwarudishia wale waliokuwa wameshaanza kucheza. Iliwarudishia kwa hiari yake, iandikwe hivyo.

Mpwa wangu wa Morogoro yalimkuta ya aina hiyo, kwa njia duni zaidi. Alilipia gemu ya mpira kwa muuzaji mmoja wa kwenye simu, akatumiwa jina la akaunti na nywila badala ya ufunguo. Alicheza kwa raha mpaka siku moja nywila ikakataa. Aliponipigia, alisema tu, "Mjomba, gemu imeondoka." Muuzaji alipoulizwa alijibu kwa adabu zote, "Bosi, subiri kidogo, nawasiliana na jamaa." Huyo jamaa hajapatikana. Akaunti moja ilikuwa imeuzwa kwa watu wengi, na mwenye nayo halisi, au mwizi wa mwisho, aliamua kubadilisha nywila. Mpwa wangu hakuwahi kuandikwa kwenye daftari lolote. Alikuwa mgeni kwenye nyumba ya mpangaji asiyemjua.

Kwa hiyo siwapigii debe wauzaji wa pembeni. Nikipewa kijana mwenye shilingi chache anayetaka gemu halali, nitamwambia asubiri punguzo: Steam hushusha bei mara kadhaa kwa mwaka, na gemu ya miaka mitatu iliyopita hushuka mpaka pale pa muuzaji wa funguo au chini yake. Atunze risiti ya barua pepe pia. Akaunti ikiibwa, Steam huweza kumtaka athibitishe kuwa ni yake kwa ufunguo alioamilisha au kwa kumbukumbu za malipo, na huo ndio utumishi wa mwisho uliobaki kwa ufunguo uliokwisha kutumika.

Lakini ningekuwa mnafiki kama ningeishia kumkemea mnunuzi. Aliyelipa bei kamili, kwa dola, kwa kadi yake mwenyewe, anaweza kupoteza vilevile.

GameSpy ilikuwa kampuni iliyotoa huduma ya seva kwa gemu nyingi mno za miaka ya 2000, na nyingi zilitegemea seva hizo kukutanisha wachezaji. Mei 31, 2014 ilizimwa. Gemu ambazo watengenezaji wake hawakuhangaika kuzihamisha ziliachwa bubu upande wa mtandao, funguo zake halali zikiwa zimebandikwa vizuri kwenye makasha. Mwaka 2015 Windows 10 ilikataa mfumo wa SafeDisc uliotumika kukagua sidii halisi, kwa sababu za usalama, na sidii za asili za gemu kadhaa zikawa hazisomeki. Kichekesho ni kwamba nakala zilizovunjwa kufuli, zile za fundi wa kalamu ya wino, ziliendelea kucheza.

Kisa kilichowaamsha watu ni The Crew ya Ubisoft. Ilikuwa gemu ya magari iliyotoka Desemba 2014, na hata ukiendesha peke yako ilikuwa lazima uwe umeunganishwa na seva. Machi 31, 2024 seva zilizimwa. Siku chache baadaye wachezaji walianza kuona leseni yenyewe imeondolewa kwenye akaunti zao. Kutokana na hasira hizo Ross Scott, Mmarekani anayetengeneza video, alianzisha kampeni ya Stop Killing Games, na kufikia Julai 2025 ombi lake kwa Umoja wa Ulaya lilikuwa limevuka saini milioni moja. Hawaombi seva ziendeshwe milele. Wanaomba kwamba kampuni ikiamua kufunga, iache gemu katika hali ya kuchezeka.

Kampuni zinajibu kwamba hilo ni gharama, na kwamba gemu za mtandaoni zimejengwa vipande vipande kwa teknolojia za watu wengine, huwezi kumkabidhi mteja. Kwa gemu inayokutanisha maelfu ya watu naelewa. Kwa gemu ya kuendesha gari peke yako jioni, sielewi hata kidogo. GOG ya Poland inauza gemu tangu 2008 bila kufuli lolote: unalipa, unapakua faili la kusakinisha, unaliweka kwenye flashi, na GOG ikifa kesho gemu yako inacheza kesho kutwa. Nao hawajafilisika.

Mahakama hazijasaidia sana. Jijini Paris, mwezi Septemba 2019, hakimu alikubaliana na chama cha watetezi wa walaji kwamba mwenye gemu kwenye Steam ana haki ya kuiuza tena, kama anavyouza kitabu. Oktoba 2022 mahakama ya rufaa ikaitupa hukumu hiyo. California ilichagua njia ndogo zaidi. Sheria yake iliyoanza kutumika Januari 1, 2025 inamkataza muuzaji kutumia neno la kununua kwa bidhaa ya kidijitali bila kueleza wazi kwamba mteja anapata leseni. Steam iliweka tangazo hilo kwenye ukurasa wa malipo hata kabla ya tarehe kufika. Ni sentensi fupi tu, na ni sentensi ileile iliyokuwa imefukiwa kwenye mkataba kwa miaka yote. Kuisogeza mahali pa kusomeka hakukumfilisi mtu.

Huku kwetu husemwa kwamba kampuni hizi ziko mbali, hazina ofisi Nairobi wala Dar es Salaam, serikali itazishika wapi? Zilishikika zilipotakiwa kodi. Kenya ilianza kutoza asilimia 1.5 ya mauzo ya kidijitali Januari 2021, kabla ya kuibadilisha kwa kodi nyingine mwishoni mwa 2024. Tanzania ilifuata Julai 2022 kwa asilimia 2 kwa watoa huduma wasio wakazi, na TRA, mamlaka yake ya mapato, ikatengeneza utaratibu wa wao kujisajili kwa mtandao bila kukanyaga nchini. Sheria ya Kenya ya kuwalinda watumiaji ya mwaka 2012 ina vifungu kuhusu mikataba ya intaneti. Tanzania ina Tume ya Ushindani ambayo kazi yake mojawapo ni kumlinda mlaji. Muuzaji anayejisajili ili alipe kodi ya mpwa wangu anajaza fomu. Kwenye fomu hiyo pana nafasi ya swali moja zaidi: siku mtakapozima seva, mteja huyu anabaki na nini?